Mchoro wa Birka ya Kutulo

Kila alasiri baada ya masomo, Istar alivua viatu vya shule mlangoni, akanywa chai ya maziwa yenye iliki, kisha akaingia ofisini kwa habaryar Osob. Ofisi yenyewe ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba yao mtaani Waberi, mjini Garissa. Ilikuwa na mlango wa chuma uliotazama barabara, meza mbili, mashine ya kuchapisha, na feni iliyosukuma joto kutoka pembe moja hadi nyingine. Kazi ya Istar ilikuwa kupangusa vumbi. Vumbi la Garissa halina likizo. Likipanguswa asubuhi, jioni limerudi juu ya karatasi, juu ya kibodi, na hata ndani ya droo zilizofungwa.

Istar alikuwa na umri wa miaka kumi na mitatu, mwanafunzi wa Gredi ya Nane. Wazazi wake waliishi Kutulo, mbali kaskazini katika Kaunti ya Mandera, ambako baba yake, Abdinoor, alifuga ngamia na mbuzi. Yeye aliletwa Garissa kusoma, akakaa kwa mdogo wa mama yake. Kwa Kisomali mama mdogo huitwa habaryar, na hivyo ndivyo Istar alivyomwita Osob.

Osob alikuwa mchoraji wa majengo. Alichora madarasa, zahanati, na zaidi ya yote alichora birka, yale matangi makubwa yanayochimbiwa ardhini ili kuhifadhi maji ya mvua. Alisomea kazi hiyo katika chuo cha ufundi, akiwa msichana pekee darasani mwake. Akiwa mjini alikaa mbele ya kompyuta. Akienda kwenye ujenzi alivaa buti za mpira chini ya jilbabu yake, akashuka shimoni pamoja na mafundi, akapima kwa mkono wake mwenyewe. Mafundi waliomcheka siku ya kwanza walikuwa wakimngoja kwa hamu siku ya pili.

Istar alipenda sana kumtazama akichora. Osob hakuangalia kibodi. Vidole vyake viliandika amri fupi fupi, herufi moja au mbili tu, na mistari ikajitokeza kwenye kiwambo: sakafu, ukuta, ngazi, mfuniko. Alitumia programu moja aliyoinunua alipoanza kazi. Wenzake walikuwa wamehamia programu mpya zinazolipiwa kila mwaka, lakini yeye alibaki na yake. Alikuwa akisema kwamba anaijua kama njia ya kwenda kwao.

Tena hakumficha mtoto ujuzi wake. Akiona Istar amesimama nyuma ya kiti, alimwonyesha jinsi ya kusoma mchoro. Alimweleza kwamba maji yaliyotulia yanaonekana mapole, lakini yanasukuma ukuta mchana na usiku bila kuchoka. Ndiyo maana ndani ya zege huwekwa nondo, zile fimbo za chuma, na ndiyo maana kwenye kona, mahali ukuta mmoja unapokutana na mwingine, nondo hukunjwa kama kiwiko cha mkono. Birka ikipasuka, Osob alimwambia, huanzia kwenye kona.

Kompyuta ya Osob ilikufa bila kelele. Siku hiyo stima ilikuwa imepotea tangu asubuhi. Iliporudi, ilirudi kwa nguvu. Taa ziling'aa kupita kiasi, na harufu ya plastiki iliyoungua ikatoka chini ya meza. Fundi wa kompyuta aliifungua, akapuliza vumbi, akatikisa kichwa. Alichookoa ni diski ya ndani tu, pamoja na michoro iliyohifadhiwa humo.

Osob akanunua kompyuta mpya. Ilikuwa nyembamba na ya haraka, na mfumo wake endeshi, ule mpango mkuu unaoamrisha kila kitu ndani ya kompyuta, ulikuwa wa kisasa kabisa. Istar aliipenda mara moja. Lakini Osob alipohamishia humo programu yake ya zamani na kuibonyeza, kiwambo kilimjibu kwa sentensi moja: programu hii haiwezi kufanya kazi kwenye kompyuta hii. Alijaribu tena, akapata jibu lile lile.

Jambo hilo lilikuja wakati mbaya. Huko Kutulo kulikuwa na shule ya bweni ya wasichana, na dada yake Istar, Nimo, alikuwa akisoma humo. Kila kiangazi wanafunzi walingoja lori la maji. Lori lisipofika, masomo yalisimama na wasichana wakarudishwa makwao. Sasa shule ilikuwa ikijengewa birka ya kukusanya maji ya paa, na mchoraji wake alikuwa Osob. Fundi mkuu, Yarow, alipochimba alikutana na mwamba upande mmoja, akashindwa kwenda chini zaidi. Osob akachora upya birka yote, akapunguza kina na kuongeza urefu, akabadilisha kuta na nondo zake. Alikuwa amemaliza kazi hiyo na kuihifadhi, lakini kabla hajaichapisha, kompyuta ikaungua.

Mwenzake mmoja alijaribu kuufungua mchoro huo katika programu mpya. Osob aliutazama kwa dakika chache, akauzima. Alieleza kwamba sehemu ya nondo aliichora kwa kifaa maalumu kilichomo ndani ya programu yake, na programu nyingine hazikijui. Zinaonyesha zinachokijua, na zisichokijua huweza kukiacha bila kumwambia mtu.

"Si unakumbuka ulivyozichora?" Istar aliuliza. "Mwambie fundi kwa simu."

"Nakumbuka," alijibu Osob. "Lakini ukuta wa maji haujengwi kwa kumbukumbu, hooyo. Unajengwa kwa vipimo." Hooyo ni mama kwa Kisomali, na akina mama huwaita hivyo hata watoto kwa upendo.

Najib, mtoto wa jirani aliyesoma darasa moja na Istar, alileta suluhisho lake. Kaka yake alikuwa na flashi yenye programu mpya iliyovunjwa kufuli, isiyohitaji kulipiwa. Osob alimshukuru kwa kutaka kusaidia, kisha akamrudishia flashi yake. Alimwambia kwamba programu hiyo ina wenyewe, na yeye haingii nyumba ya mtu kupitia dirishani, hata kama mwenye nyumba yuko mbali.

Jumamosi asubuhi Osob alisema amepata njia nyingine. Sanduku la programu yake bado alikuwa nalo, na diski yake ya kung'aa ilikuwa salama. Kompyuta mpya haikuwa na mahali pa kutia diski, kwa hiyo aliamua kwenda upande wa Soko Mugdi kuazima kisoma diski kwa rafiki yake. Kabla ya kutoka alimwachia Istar simu ya kazi na agizo moja. Akipigiwa na Yarow, amwambie angoje hadi jioni. Faili la birka asiliguse.

Haukupita muda, Najib akaja na kitabu chake cha hesabu. Walikuwa bado kwenye zoezi la kwanza Yarow alipopiga. Sauti yake ilikuwa ya mtu aliyechoka. Alisema mawingu yameanza kukusanyika upande wa Lafey. Alisema vibarua wake wamekaa bure kwa muda mrefu, na wakikosa kazi leo wataondoka, na akiwakosa, mvua itakuta shimo tupu. Istar alimwambia angoje hadi jioni. Yarow alishusha pumzi, akasema jioni ni mbali.

Istar alikata simu akiwa na wasiwasi. Alimfikiria Nimo na wasichana wenzake wakipanga mitungi mitupu mbele ya lango. Najib akasogea karibu.

"Kuna programu ya bure kwenye mtandao, ya halali kabisa," alisema. "Inafungua michoro ya aina hii. Tunaifungua, tunaigeuza kuwa picha, tunamtumia. Habaryar yako akirudi, atakuta kazi imekwisha."

"Ameniambia nisiguse."

"Hatubadilishi kitu. Tunafungua tu."

Istar alisita. Kisha akajiona amesimama mbele ya Osob, akimwambia kwamba kazi imekwisha, na uso wa Osob ukifunguka kwa furaha. Akavuta kiti. Programu ya bure ilishuka haraka, mchoro ukafunguka, na ulipendeza. Kuta zilionekana, vipimo vilionekana, hata nondo nyingi zilionekana. Akaugeuza kuwa picha, akautuma kwa Yarow kupitia simu ya kazi. Jibu lilikuja upesi. Yarow alishukuru sana, akamwombea dua Osob, akasema wanafunga nondo zilizobaki na kumimina zege siku hiyo hiyo.

Najib alipiga makofi kwa furaha. Istar alibaki akiutazama mchoro kwa fahari. Akaanza kuusoma jinsi alivyofundishwa, kutoka sakafuni kwenda juu, kutoka ukuta mmoja kwenda mwingine. Alipofika kwenye kona, kidole chake kikasimama. Kona ilikuwa tupu. Akatazama ya pili, ya tatu na ya nne. Zile nondo zilizokunjwa kama kiwiko hazikuwepo hata moja. Akasogeza mchoro karibu zaidi. Safu ya ndani ya nondo za ukuta nayo ilikuwa imetoweka. Kilichobaki kilionekana kamili kwa mtu asiyejua kilichokuwepo.

Akampigia Yarow upesi. Sauti ya mtambo ikamwambia kwamba mteja hapatikani. Akapiga tena, na tena, na jibu likawa lile lile. Mtandao wa Kutulo ulikuwa umepotea, kama ulivyozoea.

"Labda ataweka kona mwenyewe," Najib alisema kwa sauti ya chini. "Mafundi wanajua. Tufute ujumbe, tufute na programu. Habaryar yako atatuma mchoro wake jioni, na fundi atafuata huo."

"Jioni zege litakuwa limemiminwa."

"Sasa ukisema, utapata faida gani? Utagombezwa tu. Nani atajua kama ni sisi?"

Istar alijua kwamba Najib anaogopa, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa anaogopa. Alitazama kitufe cha kufuta. Ilikuwa rahisi sana. Lakini kila alipokitazama, aliona kuta ndefu zikiwa zimejaa maji, na maji yale mapole yakisukuma mchana na usiku, na dada yake akiinama juu ya mfuniko kuteka. Akaiweka simu mezani, akakaa, akangoja. Najib alikusanya kitabu chake, akafika hadi mlangoni, kisha akarudi akakaa kando yake.

Osob aliingia akitabasamu, kisoma diski mkononi. Tabasamu likapungua alipoona nyuso zao.

"Habaryar, nimefanya kosa kubwa," alisema Istar. "Nimefungua mchoro wa birka kwa programu nyingine, nikamtumia fundi Yarow. Nondo za kona hazimo. Amesema anamimina zege leo, na simu yake haipatikani."

Najib akaongeza kwamba wazo lilikuwa lake.

Osob hakupiga kelele wala hakuuliza kwa nini. Aliweka mkoba chini, akaomba kuuona mchoro uliotumwa, akauangalia wote. Alijaribu namba ya Yarow, akaikosa. Kisha akauliza ni nani mwingine yuko karibu na shule ile, mwenye simu ya mtandao tofauti.

"Aabo," alisema Istar, akimtaja baba yake kwa Kisomali.

Osob akabonyeza namba ya Abdinoor. Simu ilipoanza kuita, hakuzungumza. Alimpa Istar. "Mweleze wewe," alisema. "Wewe ndiye unayejua ulichotuma."

Hilo lilikuwa gumu kuliko yote. Abdinoor alikuwa mtu wa maneno machache, na alikuwa ameuza ngamia ili binti yake asome mjini. Istar alimsalimu, akamsikia akifurahi kusikia sauti yake, kisha akalazimika kuiharibu furaha hiyo. Alimweleza kila kitu bila kujitetea. Upande wa pili ulisikika mlio wa mbuzi.

"Unataka nimwambie nini huyo fundi?" baba yake aliuliza.

"Mwambie asimimine zege, Aabo. Mwambie mchoro alionao una makosa, na mimi ndiye niliyeukosea."

"Sawa," alisema Abdinoor, na simu ikakatika.

Baada ya hapo hapakuwa na la kufanya ila kungoja, lakini Osob hakuwa mtu wa kungoja mikono mitupu. Alinawa, akaswali adhuhuri, akafunga hijabu yake nyuma ili isimsumbue, akaunganisha kisoma diski. Kwanza alijaribu njia fupi. Katika kompyuta mpya kuna mahali ambapo mtu anaweza kuiamuru ijifanye ya zamani kwa ajili ya programu fulani. Alichagua hapo, akatia diski, na programu ikaanza kujisakinisha. Mstari wa kijani ukatembea hadi katikati, ukasimama. Osob akabadilisha chaguo, akaanza upya. Ukasimama pale pale. Akajaribu namna nyingine, na nyingine tena, na kila mara alisoma ujumbe wa kosa tangu mwanzo hadi mwisho, kama mtu anayemsikiliza mgonjwa akieleza maumivu yake.

"Hukasiriki?" Najib alimuuliza.

"Kompyuta haina ubishi," alijibu Osob. "Inaniambia kinachoikwaza. Nikikasirika nitaacha kuisikiliza."

Hatimaye aliegemea kiti, akawaeleza kwamba programu yake haiwezi kuishi moja kwa moja ndani ya mfumo huu mpya. Walikumbuka ayeeyo, bibi yao, alipokuja Garissa kutibiwa? Hakuweza kulala ndani ya nyumba ya mawe. Alisema paa la bati linampigia kelele na kuta zinambana. Basi walimjengea aqal uani, kibanda cha fito na mikeka kama alichokizoea, naye akalala usingizi mzuri ndani ya ua ule ule wa mawe. Hakuna aliyebomoa nyumba, na hakuna aliyemlazimisha bibi abadilike.

Hivyo ndivyo alivyofanya. Alikuwa amepakua programu inayotengeneza kompyuta ndani ya kompyuta. Aliikatia sehemu ya nafasi na sehemu ya nguvu za mashine mpya, kisha ndani ya sehemu hiyo akasakinisha mfumo endeshi wa zamani, kutoka kwenye diski halali iliyokuja na kompyuta iliyoungua. Ilikuwa kazi ndefu. Mara ya kwanza kompyuta ya ndani ilikataa kuwaka kwa sababu aliipa nafasi ndogo. Akaongeza. Mara ya pili iliwaka, lakini haikukiona kisoma diski. Akatafuta chanzo, akakipata. Istar alimwona akiitupia simu jicho kila nyingine ilipolia mahali fulani mtaani, akajua kwamba naye ana hofu. Ila hofu yake haikufika kwenye vidole.

Kisha dirisha likafunguka katikati ya kiwambo, na ndani yake mlikuwa na rangi za zamani, vitufe vya zamani, na ile picha ya mandhari waliyoizoea. Osob akatia diski ya programu yake. Mstari ukatembea, ukafika katikati, ukapita, ukafika mwisho. Akaandika namba za siri zilizochapwa kwenye sanduku, na programu ikakubali. Najib alisimama bila kujua amesimama. Hata Istar, pamoja na huzuni yake, alijisikia kama mtu aliyeona kisima kikitoa maji.

Simu ililia kabla hawajafungua mchoro. Ilikuwa namba ya Abdinoor, lakini sauti ilikuwa ya Yarow.

Aliyosimulia Yarow ndiyo yaliyotokea. Alikuwa amekwisha kufunga nondo za kuta zote na kuzungushia mbao, na mtambo wa kuchanganya zege ulikuwa umeanza kuzunguka, Abdinoor alipofika kwa pikipiki. Abdinoor alimwambia asimamishe kazi. Yarow alikataa. Alimwambia mzee huyo kwamba yeye ni mfugaji, hajui michoro, na mchoro ameupata kutoka kwa mwenyewe. Abdinoor hakubishana naye juu ya michoro. Alikwenda akasimama kati ya mtambo na shimo, fimbo yake begani, akamwambia, "Ni kweli sijui nondo. Lakini binti yangu amenipigia simu kusema kwamba amekosea. Mtu husema uongo ili ajisafishe. Hakuna anayesema uongo ili ajipake tope."

Yarow alifikiri juu ya maneno hayo, akazima mtambo. Alishuka shimoni na mchoro mkononi, akatazama kona kwa macho mapya, akaona kwamba kweli jambo lile halikuwa la kawaida. Alikuwa ameliona mapema, alikiri, akajiambia kwamba Osob anajua zaidi yake, naye alikuwa na haraka.

Osob alimwambia asubiri kidogo. Alifungua mchoro ndani ya programu yake. Nondo zote zilikuwepo, safu ya nje na safu ya ndani, na katika kila kona vile viwiko vya chuma vimekumbatiana. Alizikagua moja moja. Kisha akafanya jambo ambalo Istar hakulitarajia. Alizigeuza zile nondo za kifaa maalumu kuwa mistari ya kawaida, ili programu yoyote duniani iweze kuziona. Alisema hilo lilikuwa kosa lake yeye, kwani alichora kwa lugha inayoeleweka na mashine moja tu. Mtandao wa Yarow uliporudi, akamtumia mchoro, akangoja athibitishe kila kona kwa sauti yake. Yarow akaahidi kufungua mbao na kuongeza nondo zilizokosekana kabla ya kumimina zege. Jua lilikuwa bado halijatua.

Najib alipokwenda kwao, Istar alibaki amesimama karibu na meza. Aliomba msamaha tena. Osob alimvuta kiti akae.

"Nimekasirika," alisema, "kwa sababu nilikuamini nikakupa agizo, na wewe ukataka sifa kuliko usalama. Hilo tutalifanyia kazi. Lakini uliponiona naingia mlangoni, ulisema kabla sijauliza. Hilo nalo sitalisahau."

Kazi aliyompa ilichukua muda mrefu. Kila alasiri, badala ya kutazama tu, Istar alichora kona za birka kwa penseli na rula kwenye karatasi, kila nondo mahali pake, hadi aliweza kueleza kazi ya kila moja. Najib naye alijiunga kwa hiari yake. Osob mwenyewe alianza kujifunza programu mpya. Alijifunza polepole, akauliza maswali kwa vijana waliokuwa wadogo kwake, na kila siku alihamisha michoro michache ya zamani kutoka ndani ya ile aqal ya kompyuta kwenda nje, akiikagua mstari kwa mstari.

Mvua ilinyesha Kutulo, na shule zilipofungwa Osob akasafiri na Istar kwenda kuikagua birka. Yarow aliwapokea langoni. Alifungua mfuniko wa chuma, mwanga wa jua ukaingia, na chini yao maji yalikuwa meusi na mengi, yametulia kabisa. Osob alizunguka nje ya kuta akipapasa udongo wa kila kona kwa kiganja. Wote ulikuwa mkavu. Nimo na wasichana wachache wa maeneo ya karibu walikuwa wamekuja na mitungi, wakipokezana kwenye bomba la mkono huku wakicheka.

Mwalimu mkuu wa shule alikuja kuwashukuru. Alimsifu Osob mbele ya wote, kisha akamtazama Istar, akamuuliza kwa upole yeye alifanya nini katika kazi hii kubwa.

Istar alimtazama baba yake, aliyekuwa amesimama kando ya pikipiki.

"Mimi niliharibu kona, mwalimu," alisema. "Kisha nikasema."

Wasichana wawili walicheka, lakini mwalimu mkuu hakucheka. Alimgeukia Osob ili asikie zaidi.

"Ni kweli," alisema Osob. "Na kama asingesema, mimi ningetuma mchoro mzuri jioni, na fundi angeupokea juu ya zege lililoanza kukauka. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Sisi tungejenga ukuta wenye ufa ndani yake. Watoto wangu, nyote mtakosea, na mimi bado nakosea. Kosa likisemwa mapema, watu wengi huweza kulibeba pamoja. Likifichwa, hubebwa na mmoja hadi limwangushe, na huangusha na wengine."

Alifunga mfuniko, akapangusa mikono, akatoa utepe wa kupimia mfukoni. Shule ilitaka bweni jipya, na ardhi ilingojea kupimwa. Osob alimpa Istar upande wa kusomea namba.

"Leo wewe utasoma vipimo," alisema. "Mimi nitaandika."